Barua ya Jumamosi

Kabla nchi nzima haijaanza kumwita Mheshimiwa, alikuwa Kipaza tu. Jina hilo alilipata akiwa na miaka kumi na mmoja, kwenye foleni ya maji, siku wanawake wawili walipokunjana kwa sababu ya ndoo iliyoruka zamu. Mtoto aliifudikiza ndoo yake, akapanda juu, akapaza sauti na kumtaja kila mtu kwa nafasi yake, wa kwanza mpaka wa arobaini na tatu: nani alifika baada ya nani, nani aliondoka kwenda kunyonyesha akarudi, nani alikuja na ndoo mbili akasema ni moja. Hakuna aliyembishia, maana hakukosea hata mmoja. Mzee aliyekuwa mwisho wa foleni akacheka mpaka akashika mbavu. "Huyu si mtoto," akasema, "ni kipaza sauti chenye kumbukumbu." Jina likakatwa, likabaki Kipaza.

Dada yake alikuwa kwenye foleni hiyohiyo, anatamani ardhi ipasuke immeze. Alimzidi Kipaza miaka tisa. Baba yao alipofariki, yeye ndiye aliyetolewa shule akapelekwa kujifunza kushona, kwa sababu mama peke yake asingeweza kuibeba nyumba. Mtaani wakamzoea kama Fundi, na jina hilo likameza lile alilopewa na wazazi. Sare za shule nzima zilipita chini ya sindano yake ili sare moja, ya Kipaza, ipate kwenda darasani. Fundi hakuwahi kulisema hilo kwa mtu. Lilikuwa limeshapita, na mdogo wake alifaulu kila mtihani.

Kipaza alimaliza masomo akaajiriwa ukarani kwenye idara ya maji. Kazi yake ilikuwa kuandika kumbukumbu za vikao na kupanga mafaili, kazi ya mtu asiyetakiwa kufungua mdomo. Mwaka wa tatu ukaingia ugonjwa wa kuhara. Watoto wakawa wanazikwa kila siku, na mkurugenzi wa idara akaita mkutano kwenye ukumbi wa shule kuwaambia wakazi kwamba maji ni safi kama machozi. Kipaza alikuwa ameketi nyuma yake na daftari. Akasimama.

"Kisima cha sokoni, tarehe tatu: si salama," akasema, bila kutazama karatasi. "Kisima cha stendi, tarehe tano: si salama. Kisima cha hospitali, tarehe tano hiyohiyo: si salama."

"Kaa chini," mkurugenzi akamwambia.

Hakukaa. Alivitaja visima vyote kumi na viwili, na tarehe zake, na jina la aliyepima. Jumatatu hakuwa na kazi. Ijumaa alikuwa na mtaa mzima nyuma yake.

Wakamsimamisha agombee udiwani. Fundi alimshonea koti la kampeni kwa kitambaa kilichobaki kwenye sare za wauguzi. Likatoka jeupe mno, kila alipopita watu wakadhani ni daktari, na inasemekana kura za wajawazito zote zilimwangukia yeye. Alikuwa diwani vipindi viwili, kisha mbunge, kisha Waziri wa Maji, na alipofika miaka hamsini na minne, chama kikamfanya Waziri Mkuu. Bungeni alisimama mikono mitupu, bila karatasi. Wapinzani walikuwa wakisema kugombana naye ni kugombana na kabati la mafaili: ukivuta droo moja, linakuangukia lote. Alikuwa mkali, na wako aliowaumiza. Lakini hata waliomchukia walikiri kwamba ukikutana naye mara moja, miaka kumi baadaye atakuuliza hali ya mama yako kwa jina.

Hivyo ndivyo alivyotawala, kwa kukumbuka.

Kila Jumamosi asubuhi ilikuwa zamu ya Fundi. Mwanzoni Kipaza alikuja mwenyewe dukani. Alipopanda cheo, gari jeusi likawa linakuja kumchukua Fundi na kumpeleka makazi rasmi, kwenye chumba kidogo cha kuvalia chenye kioo kirefu na dirisha linalotazama bustani. Mle ndani Waziri Mkuu alivua viatu, akasimama pekupeku juu ya zulia, akaambiwa inua mkono, geuka, acha kujikunja, naye akatii. Wakateta, wakacheka. Kipaza alikuwa mjane, binti yake wa pekee anaishi nje ya nchi. Fundi naye hakubahatika kupata mtoto. Kwa hiyo kila mmoja alikuwa ndugu wa pekee wa mwenzake, na Jumamosi ndiyo ilikuwa familia yao.

Mama yao alikuwa ameshaondoka. Aliondoka mara mbili, mwili ukiwa wa mwisho. Akili ilitangulia miaka minane. Ilianza na chumvi kwenye chai, ikaja kufua gauni moja mara tatu kwa siku, ikaja kutoka nje na kushindwa kurudi. Fundi alimuuguza nyumbani, nyuma ya duka, akimwogesha na kumlisha, huku cherehani ikingoja. Kipaza, aliyekuwa waziri wakati huo, alikuja Jumapili akiwa na matunda na aibu. Siku moja mama alimtazama kwa adabu zote akamuuliza, "Mgeni, umeshakaribishwa chai?"

Kipaza alitoka uani, akashika kamba ya kuanikia nguo kwa mikono miwili kama mtu aliye kwenye meli inayoyumba. Fundi akamfuata.

"Dada," Kipaza akasema, "hili jambo linaweza kuwa la damu. Likinifika, uniambie wewe. Usiwaachie watu wa pembeni. Uniambie usoni."

"Nyamaza, usijitabirie mabaya."

"Niapie."

Fundi akaapa, upesiupesi, ili mdogo wake arudi ndani.

Ilikuwa mwaka wa tatu wa uwaziri mkuu wake, Jumamosi moja ya kawaida. Fundi alikuwa anamjaribisha suti ya bluu. Kipaza akajitazama kwenye kioo, akanyoosha mkono. "Mikono umeiongeza?"

"Nimeiongeza, kama ulivyotaka."

Wakaendelea kuongea habari za binti. Fundi akapiga magoti kuweka pini kwenye upindo.

"Mikono umeiongeza?"

"Si nimekwambia nimeiongeza?"

"Aa, kweli." Kipaza akacheka. Fundi akasogea nyuma, kuona kama pindo limekaa sawa. Kwenye kioo akaona macho ya mdogo wake yakitua kwenye kiwiko, taratibu, kana kwamba ndiyo kwanza yanafika.

"Dada, hivi mikono umeiongeza?"

Fundi aliendelea kushika futi yake, ila hakuweza kusoma namba zilizoandikwa. Akajiambia ni uchovu. Nani anaendesha nchi asichoke? Usipoziba ufa utajenga ukuta, hilo alilijua. Ila ufa huu ulikuwa kichwani kwa mtu, na hakuna fundi wa kuuziba.

Wiki zikapita. Kipaza akaanza kusoma hotuba kwenye karatasi, yeye ambaye hakuwahi. Bungeni akasoma aya moja mara mbili. Wabunge wa chama chake wakapiga makofi mara mbili pia, na gazeti likaandika kwamba Waziri Mkuu alikuwa anasisitiza. Kisha Fundi akaletewa koti la kubadilisha bitana. Alipokagua mifuko kabla ya kufumua, kama afanyavyo kila fundi, akakuta vikadi vidogo vimefungwa kwa mpira. Mwandiko ulikuwa wa Kipaza, ule wa kulalia kushoto.

*Waziri wa Fedha: mrefu, miwani, mkewe amejifungua.*

*Choo: mlango wa pili, si wa kwanza.*

*Siku ya leo iko juu ya gazeti.*

Cha mwisho kilikuwa kimechakaa kuliko vyote, pembe zimelegea kwa kushikwashikwa.

*Mama alishafariki. Usiulize.*

Fundi alikaa na kile kikadi mpaka mteja akaja, akaondoka, akaja mwingine.

Mtu wa kwanza ambaye Fundi alimwendea alikuwa Katibu, mkuu wa ofisi ya Waziri Mkuu. Alikuwa mwanamume mpole, viatu vyake vinang'aa, na kwa kuwa kwake Kipaza alikuwa Mama, Fundi akawa Mama Mkubwa. Alimkaribisha, akafunga mlango mwenyewe, akavitazama vile vikadi bila kushangaa hata kidogo. Hapo ndipo Fundi alipoanza kuogopa kweli.

"Mama Mkubwa, tunajua," Katibu akasema.

"Mnajua? Tangu lini?"

"Mwaka sasa. Lakini uchaguzi uko miezi saba mbele. Mama akiondoka leo, wale wakubwa wa chama watararuana, na nchi italipia. Kwa hiyo tunamsaidia. Anasoma tunachompa, anatia saini tunachompa. Mpaka sasa hakuna aliyeona tofauti."

"Mimi nimeona."

"Wewe ni ndugu."

"Daktari amemwona?"

Katibu akatazama kucha zake. "Daktari akimwona, itakuwa habari. Mama Mkubwa, nakuomba kama mwanao: mshonee nguo nzuri. Hilo litamsaidia kuliko yote."

Alimsindikiza mpaka kwenye gari, akamfungulia mlango.

Jumamosi iliyofuata alifunga mlango wa chumba cha kuvalia kwa ufunguo. Akamwambia mdogo wake akae, akavipanga vikadi kimoja kimoja kwenye magoti yake. Kipaza akavisoma. Hakuharakisha.

"Huu mwandiko ni wangu."

"Ndiyo."

"Nimeviandika lini?"

Kipaza akakiinua kile kilichochakaa, akakitazama, akakirudisha kifudifudi.

"Mama alianza hivi?"

"Mama alianza na chumvi. Wewe umeanza na mikono ya koti."

Kipaza akacheka, kicheko cha kweli, kisha kikageuka njiani kikawa kilio. Fundi akamkumbatia. Walikaa hivyo mpaka mtu akagonga mlango na Fundi akamwambia bado wanapima. Alipofuta uso, Kipaza alikuwa yuleyule wa ukumbi wa shule. Mgongo ulinyooka, sauti ikarudi mahali pake.

"Andika," akasema.

Hapakuwa na karatasi nyingine ila daftari la vipimo. Fundi akachana ukurasa safi, akaandika kwa kalamu ya mafundi huku mdogo wake akitembea pekupeku kutoka dirishani mpaka kwenye kioo. Sentensi zilikuwa nne. Kwamba anajiuzulu uwaziri mkuu. Kwamba sababu ni ugonjwa wa kumbukumbu, na asitafutwe mchawi. Kwamba amefanya kazi kwa uwezo wake wote. Kwamba anaomba radhi kwa kila alichokitia saini bila kukielewa. Akaisoma, akasahihisha kosa moja la tahajia, akatia saini na tarehe.

"Jumatatu saa tatu kuna baraza la mawaziri. Nitawasomea. Nikae nayo?" Akafikiri. "Hapana, kaa nayo wewe. Mimi nitaipoteza." Wakacheka tena, na mara hii kicheko hakikugeuka. "Dada, ahsante. Nilikuwa nahisi kama mtu aliye kwenye nyumba ambayo kila siku kuna chumba kimepungua, na kila ninayemuuliza ananiambia vyumba viko vyote."

Fundi alirudi nyumbani akalala mchana kutwa, kama mtu aliyeshusha mzigo.

Jumatatu alivaa gauni lake la kanisani na misibani, akafika saa mbili na nusu, barua ndani ya mkoba. Kipaza alikuwa ofisini, nyuma ya meza kubwa, suti ya bluu imemkaa vizuri. Katibu alisimama pembeni na folda.

"Dada! Leo si Jumamosi," Kipaza akasema kwa furaha.

"Nimeleta barua yetu."

"Barua gani?"

Fundi akaitoa, akaiweka mezani. Kipaza akaisoma, na jinsi alivyokuwa akisoma, uso ukawa unajifunga, kifungo kwa kifungo, kama shati.

"Nani amekutuma?"

"Ni yako. Uliniambia niandike. Tazama saini."

"Saini naiona. Ni nzuri sana. Nani kakutengenezea?"

"Kipaza, tulikaa chumbani Jumamosi. Ulilia. Ulisema nikae nayo usije ukaipoteza."

"Mimi nilie?" Sauti ilipanda, ile sauti ambayo wanaume wazima walikuwa wakiinamisha vichwa wakiisikia. "Mimi? Wamekupa nini, Dada? Wamekuahidi nini? Miaka yote najilinda na wapinzani, kumbe kikulacho ki nguoni mwako, na wewe ndiye unayenishonea nguo!"

Fundi alifungua mkoba kutafuta vikadi. Kisha akakumbuka vilibaki kwenye magoti ya mdogo wake, siku ile, na bila shaka mtu alikuwa ameshavichukua. Akamtazama Katibu. "Mwambie," akasema. "Unajua. Mwambie."

Katibu aliichukua barua mezani taratibu, akaikunja mara mbili, akaitia mfuko wa ndani wa koti. "Mama Mkubwa amechoka," akasema. "Gari litamrudisha nyumbani."

Mlangoni Fundi aligeuka. Machozi yalikuwa yamemjaa Kipaza, na ilikuwa dhahiri kwamba uchungu wake ni wa kweli. Alikuwa amesalitiwa na mtu aliyemlea. Hilo alilijua kwa hakika, na pengine lilikuwa jambo pekee alilolijua kwa hakika siku hiyo.

Jumamosi gari jeusi halikuja. Fundi akapanda basi mpaka getini, mlinzi akapitisha kidole kwenye orodha, akarudia, akasema, "Samahani mama, jina halipo." Ilikuwa hivyo wiki ya pili, na ya tatu. Akampigia simu binti wa Kipaza huko ughaibuni.

"Mama Mkubwa, jana tu nimeongea naye," binti akasema. "Amenikumbusha mpaka jina la mwalimu wangu wa chekechea. Mtu wa hivyo anaumwa kumbukumbu?"

"Muulize amekula nini asubuhi."

Binti akajibu kwa upole uliomuuma Fundi kuliko matusi, "Ninyi wawili mmegombana, sivyo? Amenieleza. Mwombe radhi, yataisha."

Uchaguzi ukaja. Duka la Fundi lilikuwa na televisheni ndogo juu ya rafu ya nyuzi, na wateja wakawa wanakaa kuitazama. Kipaza alipunga mkono kutoka kwenye magari, alibeba watoto, alisoma mistari mitatu akashuka jukwaani. Suti alizovaa sasa zilikuwa za fundi mwingine, zimepwaya mabegani. Akashinda kwa kura nyingi kuliko uchaguzi uliopita. Wateja wakamkumbatia Fundi, wakampongeza kama vile ameshinda yeye, naye akawashukuru.

Miezi minne baadaye ukatangazwa mkataba. Waziri Mkuu alikuwa amekabidhi maji ya mji wote kwa kampuni moja kwa miaka thelathini, na mitaa ya chini ikaanza kupata maji siku mbili kwa wiki. Kwenye picha Kipaza alionekana anatia saini, anatabasamu, Katibu akimwonyesha kwa kidole mahali pa kuandika. Watu waliingia barabarani. Wengine walipigwa, wengine walikamatwa. Na pale dukani, walewale waliompongeza Fundi wakaanza kuongea naye akiwa amepiga magoti kwenye pindo zao.

"Samahani Fundi, najua ni ndugu yako," akasema mwalimu mmoja aliyekuwa anapimwa sketi, "lakini madaraka yamemlevya. Mtu aliyefukuzwa kazi kwa ajili ya visima vyetu! Kumbe alikuwa anatafuta ngazi tu."

Fundi alikuwa na pini mdomoni. Alizihamisha moja moja mpaka kwenye kitambaa. Zilipokwisha, mwalimu alikuwa ameshaanza habari nyingine.

Mwandishi wa gazeti alikuja mara mbili. Alikuwa kijana mwenye heshima, alikaa kwenye kiti cha wateja akamuuliza waziwazi kama Waziri Mkuu ni mzima. Fundi aliligeuza jibu kila upande. Akisema kweli, atamvua nguo mdogo wake mbele ya nchi nzima, na kesho yake watasema dada ana kinyongo, hana hata kikadi kimoja cha kuonyesha. Akinyamaza, atamwacha avalishwe ubaya usio wake. "Mimi nashona," akasema mwishowe. "Siasa sizijui." Mara ya pili hata hilo hakulisema, alimtikisia kichwa tu, akakanyaga cherehani ili kelele iwatenganishe.

Mwisho ulikuja mchana mweupe, kwenye ufunguzi wa mkutano mkubwa wenye wageni wengi na kamera nyingi. Kipaza alisimama mbele ya kipaza sauti. Akafungua karatasi, akaifunga. Akatazama watu, watu wakamtazama. Dukani Fundi aliacha mkasi katikati ya kitambaa. Kimya kilidumu mpaka mtangazaji akaanza kukohoa. Katibu alionekana akija kutoka pembeni, haraka lakini bila kukimbia, na kabla hajafika Kipaza akainama kwenye kipaza sauti.

"Samahanini sana," akasema kwa adabu. "Nimesahau nilichokuja kufanya hapa."

Watu wachache walicheka, wakidhani ni utani. Wakapiga makofi.

Chama kikatoa tangazo la mistari sita kuhusu afya na mapumziko. Ndani ya wiki mbili Waziri Mkuu mpya alikuwa ameapishwa, na kwenye picha, nyuma ya bega lake la kulia, alisimama Katibu na folda mkononi. Binti alikuja kwa siku nane, akalia, akamwomba Fundi radhi akiwa amepiga magoti kwenye sakafu iliyojaa vipande vya nyuzi. Fundi akamwinua. Kosa halikuwa lake. Lilikuwa la nani, Fundi alikuwa ameshachoka kutafuta. Mkataba wa maji ulibaki vilevile. Mwanasheria aliyeulizwa na binti alisema saini ni halali, na aliyeitia alikuwa Waziri Mkuu halali.

Kipaza akahamia nyuma ya duka, chumba kilekile alichofia mama yao, kwa kuwa hapakuwa na kingine. Daktari alimpima mwishowe, akasema jina la ugonjwa, na kwamba angeletwa mapema wangeweza kupunguza mwendo wake kidogo. Kidogo tu, akaongeza alipoona uso wa Fundi. Siku nyingine Kipaza alijua yuko wapi. Siku nyingine alimwita Fundi Mama, na Fundi akaitika. Habari ya barua hakuigusa tena, wala Fundi hakuitaja. Hasira ile ilikuwa imefutika pamoja na mengine, na Fundi alishindwa kujua kama hiyo ni rehema au ni hasara nyingine, maana hakupata tena wa kumweleza kwamba hakumsaliti.

Asubuhi moja alikuwa anakata kitambaa. Kipaza ameketi karibu na mlango, kwenye jua, amevaa nadhifu, maana nywele na nguo zake Fundi hakuziacha zichakae. Mwanamke mmoja akasimama kizingitini. Alikuwa ametembea kutoka mbali, vumbi limempanda mpaka magotini. Alipomwona Kipaza alishika mdomo, kisha akapiga magoti palepale.

"Mheshimiwa. Nimeambiwa uko hapa. Mume wangu alikamatwa kwenye maandamano ya maji. Miezi mitano sasa. Hajasomewa shitaka. Kila ofisi wananirudisha."

Fundi akaweka mkasi chini. "Mama, samahani, yeye hayuko tena kwenye…"

Lakini Kipaza alikuwa ameshainua mkono kumnyamazisha dada yake. Mgongo ulikuwa umenyooka. Akamshika yule mwanamke bega.

"Jina lake kamili nani?"

Mwanamke akalitaja.

"Anashikiliwa kituo gani? Nani aliyeandika maelezo yake?"

Mwanamke akajibu yote, maneno yanagongana mdomoni. Kipaza alisikiliza kama alivyosikiliza siku zote, kichwa kimeinama kidogo, macho hayabanduki. Akayarudia: jina, kituo, tarehe. Hakukosea hata moja.

"Nitalishughulikia," akasema. "Leo hii. Nenda nyumbani, mwandalie mumeo maji ya kuoga."

Mwanamke aliibusu ile mikono, akainuka analia na kucheka. Fundi alimfuata nje. Alimkuta kwenye kona, amezungukwa na wauza mboga, anawaambia kwa sauti kwamba Mheshimiwa amemsikiliza, amelichukua jina la mume wake, amesema leo hii. Fundi alikaribia mpaka hatua tatu. Akaona ule uso uliojaa matumaini, akashindwa kuuzima.

Akarudi dukani. Kipaza alikuwa anatazama barabara.

"Yule dada alikuwa anataka nini?" akauliza.

"Alikuwa anasalimia," Fundi akasema.

Kesho yake asubuhi, alipofungua mlango, walikuwa wanne, wote wanamuulizia Mheshimiwa.